Mzigo wa Kuni Frogtown

Nilikwenda Woodbury, hapa Minnesota, nikitoka kazini moja kwa moja, nimechoka, viatu vya zamu bado miguuni. Tulikuwa tumekusanyika nyumbani kwa Muthoni kumwomboleza nyanya yake, Cucu, aliyezikwa Nyeri juma lile bila hata mmoja wetu wa huku kusimama kando ya kaburi. Cucu ndivyo Wakikuyu wanavyomwita nyanya, na ingawa mimi ni Mtaita wa Mombasa, nilimwita hivyo mwaka mzima tuliolala chumba kimoja. Watu waliomba, wakaimba, wakala, kisha wakaanza kuulizana habari za watoto na magari. Mimi nilijipeleka kwenye sinki la jikoni, kwa sababu mtu anayeosha vyombo haulizwi maswali. Muthoni, ambaye nilimpokea kutoka hospitali akiwa na siku mbili na sasa ana binti wa miaka mitatu, aliketi sakafuni mlangoni mwa jiko, akanyoosha mguu ukaziba njia. Binti yake akaja mbio, akasimama, akaweka mikono kichwani. "Simama!" Muthoni akasema kwa sauti nzito ya mchezo. Akampapasa kwapani, mbavuni, mifukoni, mtoto akicheka mpaka akapinda mgongo. Kisha akaondoa mguu. "Pita!" Mtoto akapita, akazunguka sebuleni, akarudi kusimama tena palepale. Muthoni akanitazama. "Auntie, that's like the only Swahili I know. Mum alikuwa anatufanyia. Where's it even from?" Nikamwambia nitamweleza nikimaliza vyombo. Nikasugua sufuria moja muda mrefu sana.

Mwaka ninaoukumbuka ni wa katikati ya miaka ya tisini. Nilikuwa na miaka ishirini na mitano na nilidhani uchovu ni jambo la muda, kwamba nikimaliza chuo utaisha. Nilikaa mtaa wa Frogtown, hatua chache kutoka University Avenue, ghorofa ya juu ya nyumba ya mbao ambayo chini yake iliishi familia ya Wahmong, wakimbizi kutoka Asia, na harufu ya mchaichai wao ilipanda ngazi ikaingia mpaka kwenye mito yetu. Walionipa chumba walikuwa Njeri na mumewe Kariuki. Njeri alikuwa nesi msaidizi aliyejiandaa kwa mtihani wa kuwa nesi kamili, na mimba yake ilikuwa imefika mahali pa kuegemezea kitabu. Kariuki alifanya kazi kiwandani Plymouth, mtu mchangamfu, mwenye maneno mengi mezani. Walikutana kanisani hukuhuku Minnesota. Posa ilikwenda kwa simu na barua, wazee wa pande mbili wakakutana mara moja hotelini Nyeri, wakanywa chai, wakaelewana. Akina mama hawakuonana. Nyumbani angetumwa shangazi mmoja aulizie kimyakimya hawa ni watu wa nani, walikaa kijiji gani wakati wa vita vya uhuru, na walikuwa upande upi. "Huku hatuna hizo," Njeri aliniambia kwa kujivuna. "Tulipendana tu, Mghoi. Simple."

Mwezi wa kumi akaja mama yake Njeri kulea mtoto atakayezaliwa, na kwa kuwa vyumba vilikuwa viwili tu, akaletwa kwangu. Huyo ndiye Cucu. Alikuwa mwembamba, mkimya, anakunja blanketi lake asubuhi kwa pembe zilizonyooka kama anakaguliwa. Kiingereza hakuwa nacho, Kikuyu mimi sikuwa nacho, kikabaki Kiswahili, na Kiswahili chake kilinikera. "Keti," aliniambia. "Kula. Maliza. Osha." Nikirudi kazini: "Vua viatu. Lala." Mimi nimelelewa Mombasa, ambako hata mtoto akitaka maji huanza na salamu, na nilikuwa nimetoka kuwaosha wazee wa Kizungu zamu nzima, wengine wakinipigia kelele. Sikutaka mwingine chumbani. Nikaamini ananidharau kwa kuwa mimi si wa kwao. Siku moja nikamwambia, kwa adabu lakini kwa mdomo mkali, "Cucu, tunasema tafadhali. Niletee maji, tafadhali." Akaniangalia, akalijaribu lile neno polepole. "Hiyo," akasema, "sikufundishwa." Nilicheka. Naona aibu mpaka leo kwamba nilicheka.

Alikuwa na bonde utosini, upana wa vidole viwili, linalokata kutoka sikio hadi sikio. Nililiona nilipompeleka kliniki na akavua kitambaa. Daktari kijana alilipapasa, akaniuliza kama mama huyu aliwahi kupasuka fuvu. Nilimweleza kuwa wanawake wa kwao hubeba kuni mgongoni kwa mkanda unaopita kichwani, wanaanza wakiwa wasichana, na mfupa unakubali. Daktari akaandika kitu. Mwezi wa kumi na mbili tukasherehekea sikukuu ya Jamhuri ya Kenya katika ukumbi wa kanisa, na wanaume wakasimama mmoja baada ya mwingine kusimulia babu na wajomba waliopigana msituni. Kariuki alisema ukoo wake wote ulilisha wapiganaji. Kila familia ya Kikuyu niliyokutana nayo Minnesota ilikuwa msituni. Sijawahi kukutana na mtoto wa mtu aliyemlindia mkoloni lango. Wakati wote huo Cucu alikuwa akizunguka na birika la chai nyuma ya viti vyao, na hakuna aliyegeuka kumuuliza yeye alikuwa wapi. Mimi pia sikumuuliza. Nilimwomba aniongezee maziwa.

Mtoto alizaliwa mwezi wa kwanza, siku ambayo baridi ilikuwa kali hata gari la Kariuki halikuwaka na ikabidi jirani wa chini aliamshe kwa nyaya za betri. Alikuwa msichana, na jina lake halikuwa na mjadala: kwa Wakikuyu binti wa kwanza huitwa jina la mama yake baba, naye mama yake Kariuki aliitwa Muthoni. Nyumba ikabadilika. Cucu, ambaye nilimjua kwa amri tu, alimwogesha yule mtoto kwenye karai juu ya meza akimwimbia Kikuyu, na katika ule wimbo nilisikia "Muthoni, Muthoni" mpaka nikaanza kuuimba hata mimi kwenye basi. Njeri alikuwa akirudi kazini mwisho wa mwezi wa pili, na mtihani wake ulikuwa mwezi wa sita. Mambo yote yalisimama juu ya mabega ya Cucu, na yalielekea kubebeka.

Kisha, mwezi wa pili, Kariuki akamleta mama yake kwa mwezi mmoja, amwone mjukuu aliyepewa jina lake. Ilikuwa Jumamosi mchana na nilikuwepo. Cucu alisimama juu ya ngazi na mtoto mkononi. Mama Kariuki akapanda polepole, mnene, akihema, amefungwa koti la mwanawe mpaka kidevuni, na alipofika kidato cha mwisho akavua kofia ya sufu ili asalimie kwa heshima. Utosini kwake lilikuwepo bonde lilelile. Wakashikana mikono, wakaambiana maneno ya Kikuyu, machache na ya taratibu. Cucu akampa Njeri mtoto, akaingia chumbani kwetu, akalala akiwa ameutazama ukuta. "Unaumwa, Cucu?" nikamuuliza. "Nimechoka," akasema. Tangu saa ile hakumwita tena mtoto kwa jina. Alimwogesha kimya. Alimwita "huyu". "Huyu amekula. Huyu amelala." Na chakula alichopika Mama Kariuki hakukigusa, alikunywa chai ya rangi aliyojitengenezea mwenyewe na kula mkate amesimama.

Siku ya nne akamwambia Njeri kwamba anataka kurudi nyumbani. Niliwasikia jikoni nikipiga pasi sare yangu. Njeri alijibu Kikuyu, kisha uchungu ukamtoa nje ya Kikuyu. "Mum, nitaacha kazi? Nitaacha exam? Nimesoma miaka mitatu! Kwani tumekukosea nini?" Cucu akarudia neno moja tu. Njeri akaja chumbani kwangu akalia juu ya kitanda changu, maziwa yakimlowesha blauzi. "Ni wivu," akasema. "Ni kwa sababu mtoto si jina lake. Can you imagine? Mama yangu mzazi." Mimi nilikubaliana naye. Nilimwona Cucu mwanamke mgumu, mwenye roho ndogo, aliyekuwa tayari kumvunjia mwanawe maisha kwa ajili ya jina. Kariuki aliahidi kuulizia tiketi.

Jumatatu iliyofuata ulipiga upepo wenye barafu, na matawi yakaanguka katika uchochoro wote nyuma ya nyumba. Nilirudi kutoka chuoni saa nane mchana. Njeri alikuwa amempeleka mtoto kliniki. Kwenye ngazi niliona maganda ya mti na vipande vya theluji, na nilipofika katikati nikasikia sauti ya Cucu kwa Kiswahili. "Simama." Kisha: "Tua mzigo." Kisha: "Fungua." Nilifikiri ananiambia mimi, nikasimama kweli. Nilipoingia, Mama Kariuki alikuwa katikati ya jiko, theluji ikiyeyuka mabegani. Miguuni pake palikuwa na mzigo wa kuni, umefungwa kwa kamba ya Kariuki ya kuvutia gari na mshipi wa gauni la kuogea. Kwao mwanamke akienda kumwona aliyejifungua hubeba kuni, na huyu, akiwa na joto la gesi kwenye kila chumba, alikuwa ametoka na miaka yake sitini na zaidi kuokota matawi uchochoroni, akayapandisha ngazi mgongoni, mshipi kichwani. Alipiga magoti, akafungua kamba. Kisha akasimama, na bila kuambiwa akaweka mikono kichwani.

Cucu akachuchumaa. Akatoa kijiti kimoja, akakipitisha baina ya vidole kutoka ncha hadi ncha, akakiweka kando. Akachukua kingine. Alikagua kila kijiti, na vilikuwa vingi, na maji ya theluji yalienea sakafuni mpaka yakafika viatu vyangu. Niliogopa. Nilijua kuna jambo mbele yangu lililo kubwa kuliko mimi, na nilitamani kushuka ngazi, ila nikabaki. Vijiti vilipokwisha Mama Kariuki akasema kitu kwa Kikuyu, sentensi fupi. Cucu akajibu sentensi fupi zaidi. Yule mama akajishika kinywa, akalia kwa sauti ambayo nimeisikia mara nyingi baadaye kazini, na bado siizoei. Cucu aliinuka kwa kushikilia meza. Akasogea pembeni, ukutani, akaiacha njia ya kwenda ndani wazi. "Pita," akasema.

Kesho yake asubuhi, tukiwa wawili chumbani, aliniambia. Aliniambia kwa Kiswahili kilekile chenye mifupa mitupu, na nitakinyoosha kidogo hapa ili kieleweke. Serikali ya mkoloni ilikuwa imewahamisha watu wao ikawakusanya kwenye kijiji kilichozungushiwa handaki, lango moja. Wanawake walitoka mchana kwa saa chache kulima na kukata kuni, na wakirudi walipekuliwa langoni na wanawake wenzao walioajiriwa kwa kazi hiyo. Cucu alikuwa na miaka kumi na tisa na mtoto wa kike wa miezi mitano. Msituni wapiganaji walitengeneza bunduki kwa mabomba, nazo ziliharibika kila mara, na fundi alikuwa ndani ya kijiji. Kwa hiyo Cucu alizipaka matope na maganda, akazifunga katikati ya mzigo wa kuni, akaziingiza, na zikipona akazitoa kwenye kikapu cha samadi. "Mara ya kwanza mwanamke wa lango alishika bomba," akasema. "Akanitazama. Akasema pita. Mara ya pili akashika. Akasema pita." Mara ya tatu alisimama ofisa Mzungu nyuma ya yule mwanamke. Bomba likatolewa. Cucu alifungwa kambini miaka mitatu. Mtoto alibaki kwa wifi, wakati ambao hapakuwa na chakula kijijini, na habari za kifo chake zilimfikia kambini kupitia askari, ambaye alizisema akiwa anakula. "Kiswahili changu ni cha hapo," akasema. "Simama, keti, kula, maliza, osha. Wewe unataka tafadhali. Nani angeniambia tafadhali?"

Niliweka kichwa kwenye magoti yangu. Nilimwomba radhi na akanikatiza kwa mkono. Nikamuuliza mwanamke wa lango alisema nini jana jikoni. "Amesema, mara mbili nilikuacha upite." Na yeye alijibu nini? Cucu alikunja blanketi kwanza, pembe kwa pembe. "Nimesema, nilijua. Ndiyo sababu mara ya tatu nilichagua mstari wako." Kulikuwa na mistari miwili langoni, akaeleza, akidhani sikuelewa. "Ningeweza kwenda ule mwingine," akasema. "Ule mwingine mpekuzi alikuwa mvivu."

Nilimuuliza kama Njeri atajua. Akatikisa kichwa. "Wamependana bila kutuuliza. Waache hivyo. Nikifa, sema utakalo. Mimi sitakuwepo kusikia." Nikamuuliza kwa nini basi aniambie mimi. "Wewe si wetu," akasema. "Na una masikio ya Kiswahili." Siku hiyohiyo alimwambia Njeri kwamba asiulizie tiketi. Njeri aliamini ni maombi ya kanisani yaliyofanya kazi, na sikumsahihisha. Zile kuni Kariuki alizicheka. "Mum, huku tuna heater!" Akaziweka chini ya ngazi za nyuma na wiki zikapita. Mama yake akamaliza mwezi wake. Siku ya kuondoka Cucu alimfungia mkate na mayai ya safari, na kwa kuwa nilikuwa nikiwaangalia sana siku hizo, niliona kwamba Mama Kariuki aliupokea mfuko ule kwa mikono miwili, na kwamba hawakukumbatiana. Sijui zaidi ya hapo. Watu hupenda kuniuliza mambo yanaishaje, hasa wagonjwa ninaowahudumia, na nimechoka kuwaambia kuwa mengi hayaishi, watu huzoea tu.

Njeri alifaulu mtihani. Mwezi wa nane mtoto alikuwa akitambaa kwa kasi na hakuna kilichosalia salama ndani ya nyumba ile. Asubuhi moja nilikuwa nakunywa chai jikoni. Cucu aliketi sakafuni mlangoni, mguu umenyooshwa, akimenya viazi, na mtoto akaja akitambaa kutoka sebuleni, akaufikia mguu, akakwama. Cucu akaweka kisu chini. "Simama," akasema, kwa ile sauti. Mtoto akajivuta kwa kushika goti lake, akasimama akiyumba. Cucu akampapasa kwapani, polepole, kwa uangalifu mkubwa, vidole vikishuka mbavuni, kiunoni, mpaka kwenye nyayo, na mtoto akaanza kucheka, kicheko cha tumboni kinachomtikisa mwili mzima. Cucu hakucheka. Aliendelea kupekua mpaka akamaliza. Kisha akauvuta mguu wake, akafungua njia. "Pita," akasema. "Pita, Muthoni." Ilikuwa mara ya kwanza kulisikia jina hilo kinywani mwake tangu mwezi wa pili. Nilitoka nikaenda kulia bafuni, maji yakiwa yamefunguliwa, kama mjinga. Walicheza hivyo kila siku mpaka Cucu alipoondoka mwezi wa kumi, na Njeri, aliyeona mchezo tu, akauendeleza kwa watoto wake wote. Zile kuni Kariuki alizichomea nyama msimu uleule wa joto. Ziliwaka vizuri.

Hayo ndiyo niliyomweleza Muthoni Woodbury, sufuria ikiwa kavu mkononi mwangu. Mama yake Kariuki alikwisha kufariki kitambo, na sasa Cucu, kwa hiyo ruhusa niliyopewa ilikuwa imefika. Alisikiliza akiwa palepale sakafuni, mguu mlangoni, Kiswahili changu akikielewa chote na kunijibu kwa lugha yake. "So did she forgive her?" akauliza mwishowe. Nikamwambia sijui. Hakuniambia na sikumuuliza. Najua alimpitisha.

Binti yake akarudi mbio kutoka sebuleni, akasimama mbele ya mguu, akaweka mikono kichwani, tayari anacheka kabla ya kuguswa. Muthoni alimwangalia. Mikono yake ilibaki mapajani. "Mummy, say it," mtoto akasema. Muthoni akaukunja mguu wake taratibu mpaka mlango wote ukawa wazi. "Pita," akasema, bila kumgusa. Mtoto hakusogea. Alibaki hapohapo, mikono kichwani, akingoja kupekuliwa, kwa maana hivyo ndivyo alivyofundishwa. Nikajifuta mikono kwenye gauni, nikaenda, nikainama kwa shida ya magoti yangu, nikaishusha ile mikono midogo, mmoja kwanza, halafu wa pili.